Balkani na Ugiriki kwa kundi dogo: mwongozo kamili kwa msafiri wa Afrika Mashariki

Matangazo ya safari hizi yanafanana: picha ya kuta za Dubrovnik, daraja la Mostar, monasteri za Meteora zilizokaa juu ya miamba, kisha bei na kitufe cha kulipa. Watu kumi hadi kumi na sita, basi dogo, kiongozi mmoja, nchi sita kwa wiki mbili na ushei. Mwenye pasipoti ya Australia akishalipa, amemaliza. Wewe mwenye pasipoti ya Kenya, Tanzania, Uganda au Burundi ukilipa kwanza na kuuliza baadaye, huenda umenunua safari utakayoshushwa njiani, kwa sababu njia iliyopangwa na viza uliyopewa haviendani.

Ndiyo maana mwongozo huu unaanza na mipaka. Chakula, majengo na mandhari vitafuata kwa zamu yake.

Hatua ya 1: Hesabu mipaka kabla ya kuhesabu pesa

Eneo hili limechanganyika. Slovenia, Kroatia, Ugiriki, Bulgaria na Romania zimo ndani ya Schengen, yaani eneo la nchi za Ulaya zinazotumia viza moja ya pamoja. Bosnia na Herzegovina, Montenegro, Albania, Masedonia Kaskazini, Serbia na Kosovo ziko nje. Kroatia iliingia Schengen tarehe 1 Januari 2023 na siku hiyohiyo ikaanza kutumia euro, kwa hiyo makala nyingi za zamani zinazokwambia Kroatia ina viza yake zimepitwa na wakati.

Sasa chukua karatasi uandike njia usiku kwa usiku. Hii ni mfano wa njia inayouzwa sana: Zagreb usiku 1, Plitvice 1 na Split 2 (Kroatia), Mostar 1 na Sarajevo 2 (Bosnia), Dubrovnik 2 (Kroatia tena), Kotor 2 (Montenegro), Tirana 1 (Albania), Ohrid 2 (Masedonia Kaskazini), Kalambaka 1, chini ya miamba ya Meteora, na Athens 2 (Ugiriki). Jumla ni usiku 17, na siku ya 18 unapanda ndege kurudi.

Fuata kidole kwenye ramani. Unaingia Schengen kwa ndege Zagreb: mara ya kwanza. Unatoka Split kwenda Bosnia, kisha unarudi Kroatia kulala Dubrovnik: mara ya pili. Unatoka tena kwenda Montenegro, Albania na Masedonia Kaskazini, halafu unaingia Ugiriki kwa barabara: mara ya tatu. Viza ya kuingia mara moja inakufia siku ya tano ya safari. Hata ya mara mbili inaishia Ohrid, nawe umebakiza Meteora na Athens ulizolipia. Njia hii inadai viza ya kuingia mara nyingi. Kwenye stika ya viza, sehemu ya idadi ya kuingia huandikwa 01, 02 au MULT. Unachokitaka hapa ni MULT.

Kuna na mtego wa siku. Schengen huhesabu siku ya kuingia na siku ya kutoka, zote mbili, hata ukivuka mpaka saa tano usiku. Katika mfano wetu unalala Schengen usiku 9 tu, lakini siku zinazohesabiwa ni 12: tano za mwanzo, tatu za Dubrovnik, nne za Ugiriki. Ukiomba siku tisa kwa sababu ndizo ulizolala, umejipunja tatu. Omba na akiba juu yake, maana mabasi huharibika na ndege huahirishwa.

Hizo nchi za nje ya Schengen nazo zina utaratibu wa kumpokea kwa muda mfupi mtu mwenye viza hai ya Schengen bila kumdai viza nyingine, kila moja kwa masharti yake. Albania hutaka viza hiyo iwe ya kuingia mara nyingi na iwe imekwisha kutumika. Maana yake ni kwamba mwelekeo wa safari una uzito: ukianzia Zagreb, ukifika Albania viza imeshafanya kazi, ukianzia Tirana na viza ambayo haijaguswa, unaweza kukwama mlangoni. Masharti haya hubadilika, kwa hiyo iandikie kila nchi kupitia ubalozi wake, hifadhi jibu, na ulichapishe. Jibu la karatasi lina nguvu mpakani kuliko maelezo ya mdomo.

Ikiwa njia inapita Kosovo na Serbia, angalia mpangilio. Serbia haiitambui Kosovo kama nchi, na mtu aliyeingia Kosovo moja kwa moja kutoka nchi nyingine kisha akataka kupita kwenda Serbia huhesabiwa kuwa ameingia isivyo halali. Anza Serbia ndipo uende Kosovo, au iache mojawapo.

Hatua ya 2: Chagua njia inayobebwa na viza unayoweza kuipata

Hapa nasema wazi: kama hujawahi kupata viza ya Schengen, usijifunge na njia ya magharibi niliyoieleza juu. Mwombaji wa mara ya kwanza mara nyingi hupewa viza ya kuingia mara moja, hata akieleza vizuri kiasi gani.

Njia ya mashariki ndiyo itakayokufaa. Tangu tarehe 1 Januari 2025, Romania na Bulgaria zimo Schengen kikamilifu, mipaka ya nchi kavu ikiwemo. Kwa hiyo unaweza kutua Bucharest, kupanda Brașov kwenye milima ya Transilvania, kuvuka mto Danube kuingia Bulgaria, kulala Veliko Tarnovo na Plovdiv, kupita Sofia na monasteri ya Rila, kushuka Thessaloniki, kisha Meteora, Delphi na Athens, yote kwa viza ya kuingia mara moja. Ni Balkani halisi, Plovdiv ina ukumbi wa maonyesho wa Kirumi ambao bado unatumika, na bei ziko chini kuliko pwani ya Kroatia. Watu wengi wanaoandika juu ya Balkani hawaigusi njia hii kwa sababu haina Dubrovnik. Mimi ningeichukua bila kusita.

Kama moyo umeshikilia Dubrovnik, kuna njia ya kati: Slovenia na Kroatia kwa barabara, halafu ndege kwenda Athens. Zamani hata Split kwenda Dubrovnik kulikulazimu kukatiza Bosnia, maana nchi hiyo ina kipande kifupi cha pwani pale Neum kinachoikata Kroatia vipande viwili. Daraja la Pelješac lilifunguliwa Julai 2022 na sasa gari linapita bila kugusa Bosnia. Muulize mwenye kampuni kwa maneno hayahaya: basi linapita Neum au Pelješac? Asiyejua jibu, hajui njia yake.

Msomaji anayeishi Ujerumani, Uholanzi au nchi nyingine ya Schengen kwa kibali cha ukaaji hana shida ya kuingia na kutoka. Anayeishi Uingereza, Oman au Dubai anahitaji viza kama mwingine yeyote mwenye pasipoti yake, ila huombea hukohuko anakoishi.

Hatua ya 3: Soma ratiba kwa jicho la mnunuzi wa sokoni

Neno «kundi dogo» halina kipimo cha sheria. Uliza idadi ya juu kabisa, si wastani. Watu 12 wanakaa meza moja mgahawani na wanapita mpakani haraka; 24 ni basi la kawaida lililobadilishwa jina.

Kisha soma vitenzi. «Kutembelea» ni kushuka na kuingia. «Kuona» inaweza kuwa kuona kupitia kioo cha basi. «Muda wa mapumziko» mara nyingi maana yake ni chakula cha juu yako. Hesabu ni mara ngapi mnalala usiku mmoja na kuondoka. Zikizidi nusu ya safari, utakumbuka masanduku kuliko miji. Uliza pia saa za barabarani badala ya kilomita. Milima ya Montenegro na Albania haina haraka, na kilomita 200 zinaweza kumeza siku nzima pamoja na foleni ya mpakani.

Jambo ambalo wengi hawaliulizi: ni nani anayeeleza historia? Kiongozi wa msafara hushughulika na hoteli, basi, mipaka na matumbo yaliyovurugika. Ugiriki, kazi ya kueleza ndani ya maeneo ya kale kama Acropolis na Delphi ni ya waongozaji wenye leseni ya nchi hiyo. Kiongozi wenu akifika getini anaweza kulazimika kunyamaza. Kwa hiyo uliza kama mwongozaji wa leseni amelipiwa, na kama tiketi ya kuingia imo. Majibu mawili tofauti hayo.

Bei ichukue nzima, ongeza kiingilio, milo isiyokuwemo, bakshishi, nyongeza ya chumba cha peke yako na ndege, ndipo ugawanye kwa idadi ya usiku. Hapo tu ndipo kampuni mbili zinaweza kulinganishwa. Kuhusu chumba: kampuni nyingi zitakupanga na msafiri mwingine wa jinsia yako ukitaka kuepuka ile nyongeza. Kama unakoroma, au unaamka kuswali alfajiri na hupendi kumsumbua mtu, lipa.

Na kabla ya amana, pata kwa maandishi jibu la swali hili: viza ikikataliwa, narudishiwa kiasi gani, na mpaka tarehe gani? Kampuni iliyozoea wateja wa Ulaya na Marekani inaweza isiwe na jibu tayari. Ikubembeleze ulipe kwanza, kaa chonjo.

Hatua ya 4: Viza yenyewe

Ombi hupelekwa kwa nchi ya Schengen utakayokaa siku nyingi zaidi. Zikilingana, ile utakayoingia kwanza. Katika mfano wetu Kroatia ina siku 8 na Ugiriki 4, kwa hiyo ni Kroatia, hata kama ndoto yako yote ni Acropolis. Ugiriki ina ubalozi Nairobi. Kwa nchi nyingine, tafuta kwanza ni ubalozi gani au wakala gani unapokea maombi ya watu wa nchi yako, maana si kila nchi ina ofisi Dar es Salaam au Kampala, na hilo peke yake linaweza kuamua njia.

Ombi linaweza kupelekwa kuanzia miezi 6 kabla ya safari, na si chini ya siku 15. Uamuzi hutolewa kwa kawaida ndani ya siku 15, lakini unaweza kufika 45. Ada ni euro 90 kwa mtu mzima tangu Juni 2024, na hairudi ukikataliwa. Pasipoti iwe imetolewa ndani ya miaka 10 iliyopita, iwe hai angalau miezi 3 baada ya siku ya kutoka Schengen, na iwe na kurasa mbili tupu. Mimi nasema ziwe sita, kwa sababu nchi za nje ya Schengen bado zinagonga mihuri na maofisa wengine hugonga popote.

Barua yako ndiyo inayobeba ombi. Usiandike kwamba unapenda sana utamaduni wa Ulaya. Weka jedwali: tarehe, mji, hoteli, mpaka unaovukwa, njia ya usafiri. Kisha sentensi moja: naomba viza ya kuingia mara nyingi kwa sababu njia hii inaingia Schengen mara tatu, tarehe hizi na hizi. Ambatanisha barua ya kampuni inayosema jina lako, kiasi ulicholipa na njia nzima. Ofisa asihitaji kukisia chochote.

Vielelezo vya kwamba utarudi vinajulikana: barua ya likizo kutoka kazini, leseni ya biashara, taarifa za benki, familia. Kuhusu benki, pesa zilizoingia kwa mkupuo wiki moja kabla zinaonekana zilivyo. Afadhali akaunti yenye kiasi cha wastani kinachopanda na kushuka kama maisha ya kweli, pamoja na maelezo ya mdhamini kama yupo.

Bima ndipo wengi wanapoteleza. Schengen inadai bima ya matibabu ya angalau euro 30,000, na mawakala wetu huuza ile iliyoandikwa «Schengen» tu. Ukivunjika mguu kwenye mawe ya Mostar, Bosnia si Schengen. Nunua ya Ulaya nzima au dunia nzima, usome orodha ya nchi jina kwa jina. Kadi ya chanjo ya homa ya manjano nayo itie kwenye bahasha ya pasipoti, haina uzito.

Hatua ya 5: Msimu

Mei, Juni mwanzoni, Septemba, Oktoba mwanzoni. Basi. Julai na Agosti joto la Athens hufika nyuzi 40, na katika miaka ya karibuni Acropolis imekuwa ikifungwa mchana siku za joto kali. Katikati ya Agosti Wagiriki wenyewe wako likizoni, sikukuu ya tarehe 15 ikiwa kileleni. Pasaka ya Kiothodoksi haifuati kalenda yetu. Mwaka 2027 ni tarehe 2 Mei, na siku hizo maduka na makumbusho hufungwa ingawa mji unapendeza.

Hatua ya 6: Pesa

Euro inatumika Slovenia, Kroatia, Ugiriki na, tangu Januari 2026, Bulgaria. Montenegro na Kosovo pia hutumia euro ijapokuwa hazimo katika Umoja wa Ulaya. Bosnia ina marka yake, iliyofungwa kwa euro: euro moja ni marka 1.95583, kwa hiyo gawanya kwa mbili ukiwa dukani. Albania ni lek, Masedonia Kaskazini ni denar, Serbia dinar, Romania leu. Marka za Bosnia ni karatasi tu ukishatoka Bosnia. Zimalize kwa kahawa kabla ya mpaka.

Beba euro za noti ndogo, za 5, 10 na 20. Mashine ya kutolea pesa ikikuuliza kama unataka kukatwa kwa sarafu ya kwenu au ya pale, chagua ya pale. Ule mwingine ni ubadilishaji wa bei yao. Bakshishi ya kiongozi na dereva hutolewa mwisho wa safari, kila mtu bahasha yake. Ugiriki, mkate unaoletwa mezani bila kuagizwa mara nyingi huwa kwenye bili. Si wizi, ndiyo desturi.

Hatua ya 7: Mizigo na simu

Sanduku moja unaloweza kulibeba mwenyewe ngazi hamsini. Basi haliingii ndani ya kuta za Dubrovnik wala Kotor, na magurudumu hayapendi mawe. Viatu vyenye soli inayoshika, kwa sababu mawe ya miji hii yamesuguliwa na nyayo kwa karne nyingi na mvua kidogo tu huyafanya sabuni. Adapta ya umeme: kule ni matundu mawili ya duara, plagi zetu za pini tatu haziingii.

Tia kanga mbili. Nitaeleza zitakavyokufaa tukifika Meteora.

Laini ya simu ya nchi ya Umoja wa Ulaya hutumika kwa bei yake ya kawaida Kroatia, Slovenia, Bulgaria na Ugiriki, lakini ukivuka kuingia Bosnia au Albania bando hilo halikuhusu, na simu iliyoachwa wazi ndani ya basi itakula salio kabla hujafika hoteli. Zima data kila mnapokaribia mpaka. Ukinunua eSIM, yaani laini isiyo na kadi, tafuta iliyotaja nchi zote za njia yako.

Hatua ya 8: Siku ya mpaka

Mwambie kiongozi mapema, faraghani, kwamba pasipoti yako inaweza kuchukua muda. Viongozi wazuri hukupanga mbele ya foleni au katikati, usibaki wa mwisho basi zima likikungoja. Kaa karibu na mlango. Uwe na bahasha moja: barua ya kampuni, bima, hoteli, tiketi ya kurudi, majibu ya balozi. Ofisa atapekua kurasa, atampigia mwenzake, atakutazama tena. Jibu unaloulizwa, usiongeze.

Kwenye mipaka ya Schengen kuna mfumo wa kielektroniki ulioanza Oktoba 2025 wa kusajili kuingia na kutoka, unaochukua mahali pa mihuri: unapigwa picha ya uso na alama za vidole zinahakikiwa. Hakikisha umesajiliwa unapotoka, si unapoingia tu, la sivyo mashine itadhani hukuondoka na siku zako zinaendelea kuhesabiwa. Usibebe jibini wala nyama kutoka Bosnia au Albania kuingia Umoja wa Ulaya. Hairuhusiwi, na kuna wanaopekua. Mpaka wa Debeli Brijeg kati ya Kroatia na Montenegro hujulikana kwa foleni za kiangazi, kwa hiyo kojoa kabla.

Jambo jingine lisemwe bila kuficha. Njia za Balkani ndizo wanazopita wahamiaji wanaoelekea Ulaya magharibi, na polisi wa maeneo ya mipakani humwangalia mtu mweusi kwa swali hilo kichwani. Unaweza kuombwa karatasi wewe peke yako kati ya watu kumi na wawili. Siku ya kuvuka nchi, pasipoti iwe mwilini, si kwenye sanduku chini ya basi. Katika miji midogo watu watakutazama, na wengine wataomba kupiga picha nawe. Mara nyingi ni udadisi tu. Kubali au kataa kwa tabasamu, hulazimiki.

Hatua ya 9: Mahali kwa mahali

Plitvice ni maziwa 16 yanayomwagikiana, nawe unatembea juu ya njia za mbao. Kuogelea ni marufuku. Split ni mji unaoishi ndani ya kasri la kaisari Diocletian lililomalizika kujengwa miaka ya 300 mwanzoni. Watu wanaanika nguo juu ya kuta za Kirumi. Dubrovnik panda ukuta asubuhi mlango unapofunguliwa, mzunguko wa karibu kilomita 2, kabla meli za watalii hazijamwaga watu. Tiketi ya ukuta ni ghali, kwa hiyo linganisha na kadi ya mji ya siku moja inayojumuisha ukuta, makumbusho na basi. Maji ya chemchemi ya Onofrio yananyweka, usinunue chupa.

Bosnia ndiyo moyo wa njia ya magharibi. Daraja la Mostar lilimalizika mwaka 1566, likabomolewa kwa mizinga katika vita vya Bosnia tarehe 9 Novemba 1993, likajengwa upya na kufunguliwa Julai 2004. Ukilipanda utahisi mbavu za mawe zilizoinuka chini ya mguu. Ziliwekwa usiteleze, maana mgongo wa daraja ni mkali. Vijana wa pale husimama ukingoni na kaptula za kuogelea, wakichangisha pesa, na hawaruki mpaka kiasi kitoshe. Toa kidogo usubiri. Usiruke wewe, mto Neretva ni baridi hata Julai.

Sarajevo inataka usiku mbili, na kampuni inayokupa mmoja inakupunja. Katika vita hivyohivyo mji ulizingirwa kuanzia Aprili 1992 hadi Februari 1996. Kwenye lami utaona mashimo ya makombora yaliyojazwa utomvu mwekundu, kila moja mahali ambapo watu waliuawa. Usikanyage ukipiga picha. Karibu na uwanja wa ndege kuna kipande kilichobaki cha handaki la takriban mita 800 lililopitisha chakula na dawa. Kuhusu vita, sikiliza zaidi kuliko kuuliza, na usimuulize mhudumu wa hoteli yeye ni wa kabila gani au dini gani.

Baada ya hapo, Baščaršija, soko la zamani la Kiosmani. Kwa Mwislamu anayetoka pwani yetu, hapa ndipo tumbo linapotulia baada ya siku za kuuliza uliza: misikiti iko kila kona, ule wa Gazi Husrev-beg wa karne ya 16 ukiwa mkubwa, na ćevapi za mitaa hii ni za ng'ombe. Huletwa tano au kumi ndani ya mkate mwepesi uitwao somun, na kitunguu kibichi kilichokatwa pembeni. Tano zinatosha mchana. Burek kwa Mbosnia ni ya nyama peke yake. Ya jibini ni sirnica, ya mchicha ni zeljanica. Kahawa huja kwenye sinia ndogo ya shaba, chombo chake na kikombe kisicho na mkono kama cha kahawa chungu cha Mombasa, na kipande cha halua laini pembeni. Acha machicha yatulie, mimina kidogo kidogo. Ukimaliza kwa dakika tano watajua wewe ni mtalii.

Tahadhari moja ya chakula mbele ya safari: Ugiriki, gyros mara nyingi ni nguruwe. Sema kuku, na uangalie kipande kinachokatwa.

Kotor, panda ngazi za ngome asubuhi na mapema, ziko zaidi ya elfu moja. Albania, mtu akitikisa kichwa kushuka na kupanda anaweza kuwa anakataa, hivyo ngoja neno. Mahandaki ya saruji ya enzi ya Enver Hoxha, dikteta wa kikomunisti, yametapakaa mashambani kwa maelfu. Mawili makubwa Tirana yamekuwa makumbusho. Ohrid ni ya kupumzika: ziwa la kale sana, kanisa la Kaneo juu ya jabali, na jioni ndefu. Ukiwa Ugiriki taja «Masedonia Kaskazini» kwa ukamilifu. Jina hilo lilipatikana kwa makubaliano ya 2018 baada ya ugomvi wa miaka mingi, na bado linauma pande zote.

Meteora zimebaki monasteri sita zenye watawa, kila moja na siku yake ya kufungwa, kwa hiyo mwulize kiongozi mtaingia zipi. Mwanamke haingii na suruali wala bega wazi. Mwanamume avae suruali ndefu. Getini kuna vitambaa vya kuazima vilivyopita viunoni vya watu mia siku hiyo. Hapa toa kanga yako, funga kiunoni juu ya suruali, ya pili mabegani, upite. Kanga hizohizo zitakufaa misikitini Sarajevo na Tirana.

Athens, tiketi ya Acropolis ni euro 30 na ina saa maalumu ya kuingia; ukikosa saa yako, umepoteza. Hakikisha kampuni imechukua ya asubuhi ya kwanza au ya jioni. Parthenon, hekalu lililoko juu yake, ilijengwa kati ya 447 na 432 kabla ya Kristo, na marumaru ya njia ya kupandia ni laini kama kioo. Halafu, neno la chooni: mabomba ya Ugiriki ni membamba, karatasi inatupwa kwenye kikapu, haimwagwi. Kibandiko ukutani kitakukumbusha.

Kuishi na kundi

Badilishaneni viti kila siku, hasa vya mbele. Fikeni kwenye basi dakika tano kabla. «Saa za Kiafrika» ni mzaha utakaochosha watu siku ya pili. Andaa jibu fupi la «unatoka wapi» kwa sababu utaulizwa hata na wenzako wa basi. Chukua walau mlo mmoja kila siku mbili peke yako. Kundi zuri huchosha pia.

Siku ya mwisho, kiongozi kwa kawaida huagana nanyi baada ya kifungua kinywa na usafiri wa uwanja wa ndege ni juu yako isipokuwa imeandikwa. Metro ya Athens kutoka Syntagma inafika uwanjani kwa dakika kama 40, na tiketi ni euro 9. Toka masaa manne kabla ya ndege, maana foleni ya pasipoti ya wasio wa Ulaya ni moja, na wewe ndiye uliye na viza ya kuhakikiwa.